Je, wajua kwa nini Idi Amin, rais wa Uganda, alilivunja daraja la Kyaka mwenyewe?

Kijiwe chetu cha kahawa hakiko mbali na Soko la Sabasaba hapa Dodoma. Siku nyingi mjadala pale ni Simba na Yanga, bei ya zabibu, na nani kamla nani kwenye drafti. Juzi kijana mmoja aliyewahi kupata kibarua kwenye bomba la mafuta kule Chemba alikuja na ramani ya mradi imekunjwa mfukoni. Akaitandaza kwenye benchi, akaweka kidole pale bomba linapoingia nchini kutoka Uganda.

"Mzee, hebu nisaidie. Mpaka hapa umenyooka kama rula, halafu mto uko huku chini unajipindapinda. Shuleni tuliambiwa Amin alikuja hadi mtoni akavunja daraja. Sasa mtu anayevamia nchi ya watu anavunja daraja la nini? Si ndilo la kupitia?"

Mzee aliyeulizwa alikuwa mgambo mwaka 1978. Hakujibu hapo hapo. Alisogeza kete zote pembeni mwa ubao, akachukua kipande cha mkaa kwenye jiko la muuza kahawa, akachora mstari mmoja ulionyooka. Kisha akachovya kidole kwenye kikombe chake na kuburuta maji ya kahawa chini ya ule mstari, yakajikunja kama nyoka. Juu ya kahawa akaweka kete moja, kizibo cha soda. "Mstari ni mpaka. Kahawa ni Kagera. Kizibo ni daraja la Kyaka. Haya, tuanze."

Ule mstari ni wa mwaka 1890. Tarehe 1 Julai mwaka huo Uingereza na Ujerumani zilikubaliana kugawana Afrika Mashariki, na magharibi mwa Ziwa Victoria zikachagua kufuata nyuzi 1 kusini mwa Ikweta. Ni mstari wa mezani, haujali kilima wala kijito. Mto nao una mambo yake. Kagera unakusanya maji ya Burundi na Rwanda, unapanda kaskazini ukiwa mpaka wetu na Rwanda, ukikaribia Uganda unageukia mashariki, unakatisha ndani ya Tanzania hadi Kyaka, halafu unapinda tena kaskazini na kumwaga maji yake ziwani ukiwa upande wa Uganda. Kwa hiyo kati ya mstari na mto kunabaki kipande cha Tanzania cha kilomita za mraba zipatazo 1,840, eneo dogo kuliko Jiji la Dodoma. Mutukula iko mpakani kabisa, Kyaka iko mtoni, na kati yake ni mwendo wa kilomita 30 hivi. Humo wanaishi Waziba, Wahaya wa Kiziba, ambao walikuwa na ufalme wao kabla Mzungu hajashika rula.

Mtu akiitazama ramani hiyo kwa haraka anaweza kudhani mto ndio mpaka wa haki na mstari ni makosa ya mkoloni. Ndivyo Amin alivyodai. Alisema ardhi yote ya kaskazini mwa Kagera ni ya Uganda, na Kagera ndio uwe mpaka.

Kwa nini alitoka kwenye kudai akaingia kwenye kuvamia, hapo wanahistoria bado wanavutana. Mwaka 1978 jeshi lake lilikuwa limegawanyika, kulikuwa na maasi kambini, na baadhi ya maelezo yanasema askari watiifu waliwafukuza waasi hadi ndani ya Tanzania, bwana mkubwa akaona heri aibadili aibu ya nyumbani iwe ushindi wa nje. Mimi naona maelezo hayo yana uzito, maana uvamizi wenyewe haukuonekana kama jambo lililopangwa na mtu mwenye shabaha ya mbali.

Tarehe 30 Oktoba 1978 askari wa Uganda wapatao 3,000 walivuka mpaka. Waliokuwa upande wetu ni wachache mno. Mwaka 1972 wafuasi wa Milton Obote, rais aliyepinduliwa na Amin, walijaribu kuivamia Uganda kutokea Tanzania, wakashindwa vibaya, na makubaliano ya Mogadishu yaliyofuata yakataka kila nchi iweke majeshi yake kilomita 10 nyuma ya mpaka. Juu ya hapo, sehemu kubwa ya jeshi letu, JWTZ, ilikuwa kusini, kwa sababu vita vya Rhodesia, Zimbabwe ya leo, vilikuwa vinamwagikia Msumbiji. Brigedi iliyokuwa na dhamana ya kanda ile ya magharibi ilikuwa na makao yake Tabora. Tazama ramani uone Tabora iko wapi na Mutukula iko wapi.

Tarehe 1 Novemba Amin akatangaza kwamba eneo lote hadi mtoni sasa ni la Uganda, na redio yake ikajigamba kuwa limetwaliwa kwa dakika 25. Kesho yake Nyerere akazungumza Dar es Salaam, Diamond Jubilee, hotuba ile ya uwezo, sababu na nia ambayo hata mtoto wa leo anaweza kukuimbia. Kesho yake tena, tarehe 3 Novemba, daraja la Kyaka likalipuliwa.

Halikulipuka kirahisi. Ndege za Amin zilijaribu kwanza kulidondoshea mabomu, zikakosa. Ikabidi aletwe mtaalamu wa baruti kutoka mgodi wa shaba wa Kilembe, Uganda, akafunga baruti kwenye daraja lenyewe. Hapo Mzee alibenua kile kizibo kwa ukucha, kikaruka, kikapotelea chini ya benchi.

"Umeona? Huyu hakuwa na haja ya kuendelea mbele. Alikuwa anafunga mlango."

Hilo ndilo jibu la nusu ya kwanza ya swali la kijana. Kyaka palikuwa na daraja la pekee la kupitisha magari upande ule. Kagera si mto wa kuvuka kwa kukunja suruali: una kina, unakwenda kasi, kingo zake nyingi ni kinamasi cha mafunjo, na mamba wamo. Amin aliona kwamba bila daraja hakuna kifaru, hakuna mzinga, hakuna lori la chakula litakalomfikia kutoka kusini. Akishavunja, mto unakuwa mpaka kwa vitendo, na dunia itazoea. Na dunia kweli ilielekea kuzoea. Umoja wa Nchi Huru za Afrika ulizungumzia usuluhishi lakini haukumlaani mvamizi, jambo ambalo Nyerere hakulisahau.

Nusu ya pili ndiyo tamu. Ukuta unamkinga anayekaa nyuma yake na kulinda. Askari wa Amin hawakukaa kulinda, walikaa kuchukua. Ng'ombe walisombwa kwa makundi, nyumba ziliezuliwa mabati, magodoro na pikipiki vikapakiwa kwenye malori ya jeshi, mitambo ya kiwanda cha sukari cha Kagera ikaporwa. Askari anayeswaga ng'ombe hachimbi handaki. Na mwenye mzigo kwenye lori anawaza kufika Masaka, kwao Uganda, hawazi kukesha kwenye mafunjo akiangalia ng'ambo ya maji. Wakati huo huo raia waliobaki nyuma waliuawa au kuchukuliwa. Makadirio yanayotajwa sana ni watu wapatao 1,500 waliouawa katika eneo hilo dogo.

Tena kwa kuvunja daraja Amin aliipa Tanzania kitu ambacho haikuwa nacho tarehe 30 Oktoba: muda. Ukingo wa kusini ukawa salama. Hakuna kifaru cha Uganda ambacho kingeweza kuja kuvuruga jeshi lililokuwa linakusanyika pale, kwa sababu njia ya kifaru hicho ilikuwa imezama mtoni, na aliyeizamisha ni mwenyewe.

Hapa Mzee alisahau ubao, akaanza kusimulia safari. Alipanda treni stesheni ya hapa Dodoma, usiku, na wenzake kutoka vijiji vya jirani, kila mmoja na blanketi. Novemba Ugogo ni vumbi tu, watu wanasubiri mvua ya kwanza, mashamba yameshasafishwa. Jembe lake aliliacha limeegemezwa ukutani kwenye tembe, mama yake ndiye aliyepanda uwele mwaka ule. Tabora, kisha Mwanza, kisha melini kuvuka ziwa. Aliposhuka Bukoba mvua ilikuwa inanyesha, na anaapa haikukatika kwa muda wa wiki nzima. "Mgogo mimi, tope nilikuwa nalijua la kukandikia nyumba. Lile la kule linakuvua kiatu na soksi kwa pamoja." Malori yaliyowabeba kwenda mbele hayakuwa ya jeshi yote. Serikali ilichukua magari ya mashirika na ya watu binafsi, na yeye alipanda moja ambalo ubavuni bado lilikuwa na maandishi ya duka la mtu.

Watu kama yeye walikuwa wengi sana. Jeshi ambalo halikufika watu 40,000 lilipanda hadi zaidi ya 150,000 kwa kuongeza mgambo wapatao 40,000, polisi, magereza na JKT. Haraka hiyo ilikuwa na gharama zake. Kule Musoma mizinga yetu ya kutungulia ndege iliangusha ndege tatu za kivita za Tanzania yenyewe, wapigaji wakidhani ni za adui. Nalitaja kwa sababu simulizi za vita hivi hupenda kuturemba kuliko tulivyokuwa.

Tarehe 14 Novemba Amin alitangaza kwamba anaondoa majeshi yake. Ni yule yule ambaye pia aliwahi kupendekeza ugomvi umalizwe kwa ndondi, yeye na Nyerere ulingoni, Muhammad Ali akiwa refa. Nyerere hakumwamini, wala makamanda wake. Mizinga ikawa inavurumisha makombora kutoka kusini, na kabla Novemba haijaisha JWTZ lilikuwa limevuka kwa daraja la muda la vyuma, la kuunganishwa vipande kwa vipande. Ukuta ambao Amin aliutegemea haukumaliza hata mwezi. Ng'ambo walikuta maiti, vijiji vimechomwa, na ukimya. Kufika Januari 1979 mvamizi alikuwa ametoka kwenye eneo lote alilolitwaa.

Yaliyofuata yanajulikana zaidi, nitayapita mbio. Operesheni Chakaza iliendelea kuvuka ule mstari wa 1890: Mutukula ilitwaliwa Januari 1979, ndiyo iliyompa kamanda wetu David Musuguri jina la Jenerali Mutukula, Masaka ikafuata Februari, na Kampala ikaanguka tarehe 11 Aprili. Silaha iliyowatia hofu kubwa askari wa Amin ilikuwa makombora ya roketi yanayofyatuliwa kwa mfululizo, ambayo Waganda waliyabatiza jina la Saba Saba. Kijana alicheka hapo, akageuka kuangalia upande wa soko. Hapana, soko letu halihusiki.

Kwa hesabu rasmi Tanzania ilipoteza askari 373, na kati yao 96 ndio waliouawa katika mapigano yenyewe, waliobaki wakiondoka kwa ajali na sababu nyingine. Wengi wamelala Kaboya, wilayani Muleba. Nyerere aliomba wananchi wafunge mikanda kwa miezi 18, na mama yeyote aliyepanga foleni ya sabuni na sukari hapa Dodoma miaka ya 80 atakwambia hiyo miezi ilihesabiwa kwa kalenda ya nchi gani. Mkoa uliokuwa ukiitwa Ziwa Magharibi ukapewa jina la ule mto, ukawa Kagera. Mpaka haukusogea. Bado uko kwenye nyuzi 1 kusini, na pale Mutukula ambapo vifaru vilipita, tangu 2017 kuna kituo cha pamoja cha forodha ambapo dereva anagongewa muhuri wa nchi zote mbili katika jengo moja.

"Na hili bomba lenu," Mzee aliuliza, akiinama kuisogelea ramani, "hapa mtoni limepita juu au chini?"

"Chini, mzee. Limezikwa ardhini, linapita chini ya mto, halafu Geita, Shinyanga, Tabora, Singida, linaingia kwetu Chemba na Kondoa, hadi Tanga."

"Kumbe linapita kote nilikopita na treni."

"Karibu kote."

Mzee alifuta kahawa na mkaa kwa kiganja, ubao ukabaki na doa jeusi ambalo mwenye drafti hajalifurahia hadi leo. Tukaanza kupanga kete upya. Zilikuwa 23. Ilibidi wote tuinuke, tuinue benchi, tutafute daraja la Kyaka.