Je, wajua kwa nini si kila haki iliyovunjwa huenda kwa ombi la kikatiba?

Nchini Kenya, aliyedhulumiwa anaweza kufungua kesi ya kawaida ya madai, au kuwasilisha ombi la kikatiba, yaani kuiomba Mahakama Kuu ilinde haki yake iliyo katika Katiba, chini ya Kifungu cha 22 cha Katiba ya 2010. Wengi huamini ombi ndilo silaha nzito zaidi. Mwenye nyumba amekatalia deposti? Katiba inalinda mali, basi twende Mahakama Kuu.

Ombi la namna hiyo huwa hatarini kutupwa, ila si kwa sababu inayotajwa sana, kwamba Katiba huibana serikali tu. Kifungu cha 20 kinasema sura ya haki inamfunga kila mtu, na kuna watu walioshinda kampuni binafsi kwa ombi baada ya picha zao kutumiwa katika matangazo bila idhini. Kinachoikwamisha deposti ni kwamba sheria ya mikataba tayari inatosha kuirudisha. Katika kesi ya Communications Commission of Kenya dhidi ya Royal Media Services ya 2014, Mahakama ya Juu, iliyo ya mwisho nchini, ilieleza kwamba swali la kikatiba huachwa pale kesi inapoweza kuamuliwa kwa msingi mwingine. Wazo hilo lina ukoo mrefu. Mwishoni mwa miaka ya 1970, mwalimu wa Trinidad na Tobago aitwaye Harrikissoon alipinga uhamisho wake kwa Katiba badala ya kufuata njia ya kawaida ya tume ya utumishi, akashindwa hadi London, kwenye mahakama ya mwisho ya rufaa ya nchi yake. Uhamisho wa mwalimu mmoja wa Karibi bado hutajwa na majaji wa Nairobi.

Sababu ya pili ni ushahidi, na hapa ndipo mambo yanapopendeza. Ombi kwa kawaida husikizwa kwa hati za kiapo, yaani maelezo ya maandishi yaliyoapiwa. Wewe unaapa kwamba ulilipa deposti taslimu mlangoni. Mwenye nyumba anaapa hakuona hata shilingi. Ni kama kuamua mechi kwa kusoma ripoti za makocha wawili: kila ripoti imepangwa vizuri, lakini moja inasema penalti ilikuwa halali, nyingine inasema haikuwa. Kama wote wanakubali mpira ulivyochezwa na wanabishania kanuni tu, karatasi zinatosha. Wakibishania kilichotokea uwanjani, lazima mashahidi waitwe na kuhojiwa na upande wa pili, na kesi ya madai imejengwa kwa kazi hiyo. Kanuni za maombi za 2013 zinaruhusu ushahidi wa mdomo pia, kwa hiyo mpaka huu si ukuta.

Upande wa ombi una mvuto wake halisi. Katiba inasema kulianzisha kusitozwe ada, na mahakama inaweza kupokea hata barua ya kawaida. Halafu kuna muda: dai la mkataba hufa baada ya miaka 6, lakini ombi halina kikomo kilichoandikwa. Ndiyo maana waliofungiwa na kuteswa Nyayo House, jengo la serikali jijini Nairobi, waliweza kushtaki miongo kadhaa baadaye, na wengi wakalipwa fidia. Hata hivyo, kuchelewa lazima kuelezwe, na majaji hawajakubaliana daima kuhusu maelezo gani yanatosha.