Matunda ya kikaangoni: kitindamlo cha dakika kumi na tano bila kuongeza maji

Wengi wakitaka kupika matunda ya haraka baada ya chakula huyakata, huyatia sufuriani, humwagia sukari na kikombe cha maji, kisha hufunika. Baada ya robo saa wanafunua na kukuta matunda yaliyochoka, yanaelea kwenye maji matamu yasiyo na ladha ya maana. Wanaongeza sukari, na mambo hayabadiliki.

Mimi kazi yangu ni kupika vitindamlo, na nikiulizwa kanuni moja tu ya kumpa mtu mwenye kikaango na jiko, nasema: usiongeze maji. Tunda limekuja na maji yake. Karibu asilimia 86 ya tufaha ni maji, nanasi vilevile, na stroberi hukaribia 91. Hata ndizi, ambayo ukiimenya huoni tone, robo tatu yake ni maji. Kupika matunda vizuri ni kuamua maji hayo yatoke lini, na yakishatoka yaende wapi.

Maadamu chini ya kikaango kuna maji, joto la pale haliwezi kupita nyuzi 100 hivi, kwa sababu nguvu ya moto yote inaishia kuyageuza mvuke. Rangi ya kahawia na harufu ile inayomfanya mtu aulize kinapikwa nini huanza juu zaidi, karibu nyuzi 140, na sukari ya kawaida huanza kugeuka karameli kwenye 160 na kuendelea. Kwa hiyo tunda linalochemka ndani ya maji litaiva, lakini halitakaangika hata ulisubiri mpaka jioni. Ndiyo maana nakaanga kwanza kwenye kikaango kikavu chenye moto, nasubiri tunda litoe maji, halafu nayapunguza maji hayo hayo mpaka yawe sosi. Sosi hiyo ni juisi ya tunda lenyewe iliyokolea, na hakuna sukari inayoweza kuziba pengo lake.

Chombo kina nafasi yake. Chukua kikaango kipana chenye kitako kizito. Sufuria nyembamba na ndefu hurundika matunda, yale ya juu yanapikwa kwa mvuke wa yale ya chini, na maji hayapati uwazi wa kutokea. Epuka alumini tupu isiyopakwa kitu: asidi ya matunda huila, na ladha ya chuma huingia kwenye sosi. Stili ni nzuri zaidi, kwa sababu ni nyangavu na unaona rangi ya sukari inavyobadilika.

Nianze na tufaha, maana ndilo linalofundisha vizuri. Kwa watu wanne chukua matufaha matatu ya ukubwa wa kawaida, kama gramu 500, magumu na yenye uchachu kidogo. Yakate vipande vyenye unene wa sentimita moja. Vikiwa vyembamba vitasagika kabla ya kupata rangi. Utahitaji pia siagi vijiko viwili vya chakula, sukari vijiko vitatu, chumvi ya kubana kwa vidole viwili, na maji ya ndimu au limau kijiko kimoja. Basi.

Yeyusha siagi kwa moto wa wastani. Itatoa povu, povu hilo ni maji yaliyomo ndani ya siagi yakitoka. Likitulia na kelele zikapungua, panga matufaha kwa safu moja, kisha uache mkono mfukoni. Dakika mbili nzima usiyaguse. Kila unapokoroga unaliinua tunda kutoka mahali pa moto kabla halijapata rangi, na unalivunja. Baada ya hapo geuza vipande, subiri dakika nyingine mbili, ndipo umwage sukari na chumvi.

Kwa nini sukari isubiri? Kwa sababu sukari huvuta maji. Ukiinyunyiza mapema, tunda linaanza kutoka maji papo hapo, kikaango kinajaa, na ule ukaangaji unageuka kuwa uchemshaji. Ikija baada ya vipande kupata rangi, inafanya kazi unayoitaka: inatoa juisi kutoka kwenye tunda lililokwisha kukaangika, na juisi hiyo inakwangua rangi yote iliyoshika kwenye kitako cha kikaango.

Sasa angalia mapovu, maana yanasema kuliko saa. Mwanzoni ni madogo, mengi, yenye haraka, na sauti yake ni ya maji yanayochemka. Dakika tatu au nne baadaye yanakuwa makubwa, yanapanda polepole na kupasuka kwa uvivu, yanang'aa, na sauti inakuwa nzito. Pitisha mwiko katikati ya kikaango: ukiona njia yake inabaki wazi kwa muda kidogo kabla ya sosi kurudi kuifunika, zima moto. Usingoje iwe nzito kama unavyoitaka mezani, kwa sababu ikipoa inakaza yenyewe. Kutoka siagi kuyeyuka hadi hapa ni dakika nane mpaka kumi.

Ndimu naiweka mwisho kabisa, moto ukiwa umezimwa. Inakata utamu na kuirudishia sosi uhai wa tunda bichi ambao moto umeupunguza. Lakini asidi ina kazi ya pili isiyozungumzwa sana: inazuia pektini, ile gundi inayoshikilia kuta za chembe za tunda, isilegee haraka. Kama matufaha yako ni ya aina inayosagika upesi, tia nusu ya maji hayo ya ndimu tangu mwanzo nayo yatabaki vipande. Sukari hufanya vivyo hivyo. Tunda lililopikwa ndani ya sukari nyingi hubaki gumu zaidi kuliko lililopikwa bila sukari. Anayetaka rojo laini, basi, apike tunda peke yake mpaka lilegee, ndipo atie utamu.

Viungo vina mpangilio wake. Mdalasini, iliki na karafuu hutoa harufu vizuri ndani ya mafuta, kwa hiyo naviweka kwenye siagi kwa nusu dakika kabla ya tunda kuingia. Vanila na maganda ya limau yaliyoparuzwa yana harufu inayopotea na mvuke. Hayo yanakuja na ndimu, mwisho. Chagua kimoja au viwili. Tunda lililozingirwa na viungo vitano halisikiki tena.

Ndizi inataka njia tofauti kidogo. Ina maji, lakini haiyaachii, kwa hiyo haiwezi kujitengenezea sosi. Hapa natengeneza sosi kwanza: siagi na sukari ya kahawia mpaka viyeyuke pamoja, halafu vijiko viwili vitatu vya juisi ya chungwa. Ndizi zilizopasuliwa kwa urefu zinaingia mwisho, dakika moja kila upande. Chagua iliyoiva lakini bado imara, ganda la manjano bila madoa mengi. Ile iliyojaa madoa meusi ni tamu kuliko zote, kwa kuwa wanga wake umekwisha kugeuka sukari, ila kikaangoni itakuwa uji. Na uwe mwangalifu unapotia juisi kwenye sukari ya moto: inaruka, na sukari iliyoyeyuka ikigusa ngozi inanata na kuendelea kuunguza. Ondoa kikaango kwenye moto, mimina ukiwa umeweka uso mbali, ndipo urudishe. Sukari ikiganda ghafla na kuwa mabonge, usiitupe. Iache kwenye moto mdogo, itayeyuka tena.

Nanasi ni rafiki wa moto mkali. Likate vipande vinene, kausha kwa kitambaa, na ulipe kikaango cha moto sana. Lina faida moja ambayo wapishi wa nyumbani hushangaa wakiijua. Nanasi bichi lina kimeng'enya kiitwacho bromelaini kinachovunja protini, ndiyo maana ukilichanganya na maziwa au mtindi, baada ya muda mchanganyiko unakuwa mchungu. Nanasi likipashwa moto mpaka katikati, kimeng'enya hicho hufa. Nanasi lililopikwa sawasawa linakaa na krimu bila ugomvi.

Embe lipikwe likiwa gumu kidogo, dakika tatu au nne zinatosha. Pichi, plamu na peasi zifuate njia ya tufaha, kwa muda mfupi zaidi. Tikiti maji liache lilivyo. Moto hauliongezei kitu.

Stroberi na matunda mengine madogo laini ndiyo yanayowashinda watu, kwa kuwa yanamwaga juisi yote kwa mkupuo, na ukisubiri ipungue matunda yenyewe yanakwisha. Dawa ni kuyatenganisha. Yatie kikaangoni na sukari kwa dakika mbili tu, mpaka juisi ijae. Yatoe kwa kijiko chenye matundu, uyaweke kando kwenye bakuli. Ongeza moto, chemsha juisi peke yake mpaka yale mapovu makubwa ya uvivu yatokee, zima, kisha rudisha matunda pamoja na juisi iliyochuruzika bakulini. Unapata sosi nzito na matunda ambayo bado yana umbo. Ukijifunza jambo moja tu hapa, ningependa liwe hili, kwa sababu linafaa kwa tunda lolote lenye maji mengi.

Kuna wanaokimbilia wanga wa mahindi ili kukaza sosi. Mimi siupendi sana, unafunika ladha, lakini kuna siku juisi ni nyingi na wageni wamekwisha kaa mezani. Basi koroga kijiko kimoja cha chai cha wanga kwenye maji baridi kidogo, yanayotosha kuulowesha tu, umimine kwenye kikombe kimoja cha juisi inayochemka, na uendelee kukoroga kama dakika moja mpaka ule ukungu mweupe upotee. Ndimu isiingie kabla ya hapo. Asidi ikichemka muda mrefu pamoja na wanga huufanya ulegee tena.

Anayetaka kitu cha kushibisha zaidi anaweza kugeuza kikaango hicho hicho kuwa keki bila oveni. Changanya unga gramu 120, beking poda kijiko cha chai kimoja na nusu, sukari kijiko kimoja cha chakula na chumvi kidogo. Fikicha siagi gramu 30 ndani yake, halafu maziwa kama mililita 90, ukikoroga kidogo tu. Dondosha madonge sita au manane juu ya matunda yanayochemka taratibu, funika vizuri, moto mdogo, dakika kumi na mbili hadi kumi na tano. Usifunue katikati, mvuke ndio unaoyaivisha. Kwa mapishi haya acha sosi iwe nyepesi kuliko kawaida, kwani madonge yatainywa.

Mezani, matunda ya moto yanataka kitu cha baridi na kitu cha kutafuna. Aiskrimu au mtindi mzito upande mmoja. Upande mwingine karanga zilizokaangwa, au chenga za mkate mkavu zilizogeuzwa kwenye siagi na sukari mpaka zikauke. Chenga ziwekwe dakika ya mwisho, zisije zikalowa.

Kama utakula baridi, onja baridi. Ulimi husikia utamu kidogo zaidi chakula kikiwa cha moto, kwa hiyo sosi iliyokuwa sawa jikoni inaweza kuonekana chachu ikitoka kwenye jokofu. Tufaha, peasi na nanasi hukaa jokofuni siku mbili tatu bila kupoteza kitu. Ndizi iliwe pale pale.