Kofi ni Juma: majina yanavyotunza habari za siku ya kuzaliwa

Mwanzoni mwa mwaka 2008 Wakenya walilisikia jina la Kofi Annan redioni asubuhi na jioni. Alikuwa Nairobi akipatanisha pande mbili baada ya ghasia za uchaguzi. Wengi walilichukulia kuwa jina la mbali, la Afrika Magharibi, lisilotuhusu. Lakini ukilifungua, ni jina la jirani. Kwa ukamilifu aliitwa Kofi Atta Annan. Kwa Waakan wa Ghana, Kofi ni mtoto wa kiume aliyezaliwa Ijumaa, Atta ni pacha, na Annan ni mtoto wa nne. Alizaliwa Kumasi tarehe 8 Aprili 1938, Ijumaa, pamoja na pacha wake wa kike, Efua, jina ambalo nalo ni la Ijumaa kwa wasichana. Wangezaliwa Tanga au Mombasa, yeye angeitwa Juma na dada yake Mwanajuma.

Katika kazi yangu ya kuwaelimisha watu kuhusu majina, swali ninaloulizwa mara nyingi ni hili: “Nina jina la dini na jina la kienyeji. Je, hilo la kienyeji lina maana?” Lina maana. Na hilo la dini nalo lilikuwa la kienyeji mahali fulani, kabla halijasafiri.

Chukua Fatuma. Asili yake ni neno la Kiarabu la kumwachisha mtoto ziwa. Khadija ni mtoto aliyezaliwa kabla ya siku zake kutimia, yule tunayemwita njiti. Kwenye Biblia, kitabu cha Mwanzo, Yakobo ameitwa hivyo kwa sababu alitoka tumboni ameshika kisigino cha Esau, pacha wake. Raheli, akikata roho kwa uchungu wa uzazi, alimwita mwanawe Benoni, mwana wa uchungu wangu. Baba ndiye aliyembadilisha jina akawa Benjamini. Tomaso maana yake ni pacha tu, na Injili ya Yohana inasema hivyo waziwazi. Kwa hiyo kijana wa Kisukuma aitwaye Doto akienda kubatizwa akachagua Tomaso, amepewa jina lilelile mara mbili.

Mapacha ndio wanaoonyesha jambo hili vizuri kuliko watoto wengine wote. Wasukuma wana Kulwa na Doto, na anayewafuata ni Shija. Wajaluo wana Opiyo na Odongo, wakiwa wasichana Apiyo na Adongo, kisha anakuja Okello au Akello. Waganda wana Wasswa na Kato kwa wavulana, Babirye na Nakato kwa wasichana, na mtoto wa nyuma yao ni Kizza. Hapo hata wazazi hubadilika majina: baba anakuwa Ssalongo, mama Nnalongo, na heshima hiyo hawavuliwi tena. Warundi wana Bukuru na Butoyi. Ukimsikia mtu akijitambulisha kuwa Okello, umeshajua jambo moja kuhusu nyumba aliyozaliwa kabla hajaketi.

Majina mengine yanashika saa. Otieno na Atieno wamezaliwa usiku, Okinyi na Akinyi asubuhi, Ochieng na Achieng jua likiwaka. Mkamba aliyezaliwa asubuhi ni Kioko, na wa usiku ni Mutuku. Bujiku wa Kisukuma ni wa usiku vilevile, na Mabula ni wa mvua. Nasi Pwani tuna Chausiku.

Mfano ninaoupenda zaidi ni wa Butiama. Chifu Burito wa Wazanaki aliitwa Nyerere kwa sababu mwaka aliozaliwa nchi ilivamiwa na viwavi, na kwa Kizanaki nyerere ni viwavi. Mwaka 1922, siku ya mvua, akazaliwa mtoto wake, naye akapewa jina Kambarage, la mzimu wa mvua. Julius alikuja kuitwa alipobatizwa mwaka 1943. Soma sasa majina mawili ya asili kwa pamoja, Kambarage Nyerere: mvua ya mwana, viwavi vya baba. Habari za shamba, zimehifadhiwa bila karatasi.

Yapo majina yanayouma. Miaka ya nyuma alinijia binti mmoja aliyetaka kusaidiwa kuandika kiapo cha kubadili jina. Aliitwa Tabu. Shuleni walimtania, na kazini aliona watu wakitabasamu anapojitambulisha. Nilimwomba ampigie bibi yake kwanza, amuulize. Akapiga palepale, akaweka sauti ya nje. Bibi akaeleza taratibu: ilikuwa masika, mto umejaa, mama yako ameshikwa na uchungu siku ya pili, wanaume wanne wakambeba juu ya kitanda cha kamba kumvusha. Kitanda kiliyumba katikati ya maji. “Tulipofika ng'ambo ukalia, babu yako akasema, mtoto huyu tumempata kwa tabu.” Binti alinyamaza kitambo. Kisha aliendelea na kiapo chake, na ni haki yake kabisa, ila aliomba Tabu libaki kuwa jina la kati.

Majina kama Shida, Mashaka na Majuto mara nyingi yana kisa cha namna hiyo. Simlaumu anayeyakwepa. Ninachosikitikia ni kuyabadili bila kuuliza, kwa sababu anayejua kisa huwa mmoja au wawili, nao ni wazee.

Jambo jingine linalopoteza habari hizi ni fomu. Fomu inataka jina la ukoo, lakini kwa Warundi na Wanyarwanda, kwa desturi, kila mtoto ana jina lake mwenyewe. Nyandwi ni mtoto wa saba, Minani wa nane, Bucumi wa kumi. Ndugu wa tumbo moja wanaweza kuwa Minani, Habimana na Uwimana, na familia ikihamia Ulaya au Amerika Kaskazini italazimika kueleza kila mara kwamba hawa ni watoto wa baba mmoja. Kwetu tatizo limegeuka: Kulwa amekuwa jina la ukoo, na mjukuu asiye na pacha analibeba. Hakuna ubaya, mradi ajue lilianzia kwa nani.

Kwa Wakikuyu, jina huzunguka kwa utaratibu. Mwana wa kwanza huitwa kwa babu mzaa baba, wa pili kwa babu mzaa mama, na wasichana huenda hivyo kwa bibi zao. Njoki ni aliyerudi, Kariuki ni aliyefufuka; Wakamba nao wana Musyoka, aliyerudi. Hapo ukiuliza maana ya jina la mtoto, usiishie kwenye neno. Uliza aliitwa kwa nani, na huyo alikuwa mtu wa namna gani.

Ukitaka kuanza leo, mtafute mzee mmoja wa upande wa baba na mmoja wa upande wa mama. Andika nani alitoa jina, siku ile kulikuwa na nini, na lugha gani ilitumika. Andika pia jina linavyotamkwa. Ng'wandu kwa Kisukuma ni mbuyu, na alama yake ya king'ong'o (') husahaulika mara nyingi kwenye vyeti, likabaki Ngwandu, lisomwe kama linaanza na sauti ya ngoma badala ya ya ng'ombe. Ukijaza fomu ya mtoto, angalia alama hiyo kabla hujatia sahihi. Kuirekebisha baadaye kunahitaji safari nyingi.