Tabasamu la Kiran si la Rahul

Kila nyimbo za Darr, ile picha ya Kihindi ya Rahul anayemwandama Kiran, mchumba wa mtu, zinapopigwa, hakosi mtu wa kusema: "Jamaa alipenda kweli, Kiran ndiye aliyemtesa." Nimechoka kulisikia hili. Itazameni tena picha ile, safari hii macho yawe kwa Kiran, si kwa Shah Rukh Khan.

Mwongozaji Yash Chopra aliitoa Desemba 1993, na jina lenyewe maana yake ni hofu. Steringi ni Sunny Deol, yaani Sunil, komandoo wa jeshi la majini na mchumba wa Kiran. Shah Rukh, yaani Rahul, ndiye adui. Ila mwaka 1997 na 1998 aliigiza tena akiitwa Rahul, akiwa mpenzi wa kutamaniwa, na watu wakamsamehe yule wa kwanza kwa ajili ya hao waliofuata.

Lakini kinachopotosha zaidi ni nyimbo kutazamwa peke yake, zimekatwa nje ya picha. Chukueni Jaadu Teri Nazar. Kiran anatabasamu, anageuka huku na huku akitafuta sauti inatokea wapi. Anadhani ni Sunil amejificha anamtania. Tabasamu lile ni la Sunil! Rahul yuko mafichoni, analiiba. Halafu yasikilizeni maneno ya Anand Bakshi: ukubali, ukatae, wewe ni wangu, Kiran. Hicho ndicho kiitikio, nacho hurudi tena na tena. Mchumba anayejua kapendwa haimbi hivyo. Huyo ni mtu aliyekwisha kata shauri kwamba jibu la mwanamke halina kazi. Sauti tamu ya Udit Narayan ndiyo inayotufanya tusilisikie tishio.

Tu Mere Saamne ni hivyohivyo. Rahul na Kiran wanaonekana milimani Uswisi, wamekumbatiana, na picha hizo ndizo watu wanazotumiana hadi leo. Yote yanatokea kichwani mwa Rahul. Hata sauti ya Lata Mangeshkar, inayomjibu kwa mahaba, ni Rahul anayeitia kinywani mwa Kiran. Ukiyaondoa mawazo yake, hakuna sini hata moja ambamo Kiran anamkubali.

Kigugumizi cha Rahul cha kulitaja jina la Kiran, simu anazompigia mama yake ambaye amekwisha kufa, jina alilojichora kifuani kwa kisu: hayo hayahitaji maelezo marefu. Ni ugonjwa, na picha inasema hivyo waziwazi.

Hata hivyo, kuna jambo linalonitatiza. Chopra alijua vizuri kwamba katika sinema ya Kihindi, milima ya theluji na wimbo wa watu wawili maana yake ni mapenzi. Akampa adui vyote viwili, pamoja na nyimbo nzuri kuliko zote. Alikuwa anatutega ili tuone tunavyorubunika kirahisi, au na yeye alirubunika? Kuna siku naamini la kwanza, kuna siku la pili.

Ila kwa Kiran sina shaka. Kadiri picha inavyosonga, mlio wa simu tu unatosha kumtia kiwewe. Anafunga ndoa na Sunil, anakimbilia Uswisi, Rahul anamfuata hukohuko. Mwishowe, ndani ya boti, anataka kumuoa kwa nguvu huku Kiran analia. Aliyeona mapenzi pale anionyeshe ni dakika ya ngapi.