Waya Uliokataa Kuingia Studio

Nimepiga video za sarakasi miaka mingi, na kosa langu la kwanza bado linanichekesha. Vijana walipandana mabegani mpaka mtu wa nne, nami nikarudi nyumbani na video safi kabisa ya watu watatu na nyayo za wa nne. Mwanasarakasi hana habari na fremu yako. Labda ndiyo sababu namfikiria sana Juan Caicedo, aliyetangazwa majukwaani kama mfalme wa waya, yaani wa kutembea na kuruka juu ya waya uliotandazwa hewani, na ambaye leo hata wapenzi wa sinema za kale wengi wao hawamjui.

Mwaka 1894 studio ya Thomas Edison, huko West Orange, New Jersey, ilikuwa banda lililofunikwa kwa karatasi za lami. Watu walilibatiza Black Maria, jina la mtaani la gari la polisi la kubebea wafungwa. Paa lake lilifunguka, na banda zima lilisukumwa likazunguka juu ya reli ya duara kulifuata jua, kwa sababu filamu za siku zile bila jua kali hazikuona kitu. Ndani kulikuwa na giza tupu nyuma ya msanii. Eugen Sandow, mwonyesha misuli, alipopigwa picha humo tarehe 6 Machi, giza hilo lilimfanyia kazi nusu: kila msuli ulijitokeza. Ena Bertoldi, mpinda viungo, naye alienea bila taabu. Mtu anayejikunja anatosha kwenye mkeka.

Waya hauna adabu hiyo. Chukua waya wa mita 10, msimamishe katikati mtu wa kilo 70, na tuseme unazama nusu mita tu. Kila ncha inavutwa kwa nguvu ya karibu kilo 350. Waya ukikazwa zaidi, mzigo wa nchani unazidi, na hapo mtu amesimama tu, hajaanza kuruka. Wanaojenga majukwaa wanalijua hili. Wapiga picha huwa tunalijua siku nguzo inapolala. Halafu kuna ule mti wa kujisawazishia, mrefu kama upondo wa mtumbwi. Urefu wake ndio dawa: kitu kirefu kinachelewa kupinduka, kwa hiyo mwili unapata muda wa kujirudi. Sasa mti huo uuzungushe wapi ndani ya banda jembamba?

Basi tarehe 25 Julai 1894, W.K.L. Dickson na William Heise, wapiga filamu wa Edison, wakampiga picha Caicedo nje, peupe. Ule ukuta mweusi waliouzoea ukawa haupo. Kwangu mimi hii ni habari kubwa kuliko sarakasi yenyewe: kamera iliyojengewa nyumba ililazimika kuelekezwa nje kwa sababu ya kazi ya mtu mmoja.

Alipewa muda kidogo mno. Mkanda ulikuwa wa futi 50 hivi, na kila futi ina picha 16, yaani picha 800. Kwa mwendo wa picha 40 kwa sekunde, ni sekunde 20 na umekwisha. Mwendo huo ni mkubwa kuliko wa sinema za leo, zenye picha 24, na mrukaji unamfaa sana: anapaa, anatua, waya unamrusha tena, na mruko haukatikikatiki.

Watazamaji hawakukaa ukumbini. Uliinama juu ya sanduku la kinetoskopu, ukachungulia peke yako. Duka la kwanza lilifunguliwa Broadway, New York, tarehe 14 Aprili mwaka huohuo, na senti 25 zilikupa masanduku matano. Caicedo mzima, kwa hesabu hiyo, ni senti 5.

Alipigwa picha katika maonyesho mawili. Moja ana mti wake. Jingine, na hili ndilo linaloniumiza kichwa kila nikilifikiria, amevaa visiginoni vile vyuma vyenye ncha vya wapanda farasi, juu ya waya.