Kilo 142 za Lucy Ejike

Katika mafunzo ya walimu wa michezo, kuna video moja ambayo kila mara inazua ubishi. Mwanamke amelala kwenye benchi, anasukuma chuma hadi mikono inanyooka, ukumbi unalipuka kwa shangwe, halafu taa nyekundu zinawaka. "Lakini si kanyanyua!" walimu wanalalamika. Kanyanyua, ndiyo. Shida ni namna alivyonyanyua.

Katika mchezo wa kunyanyua uzito kwa watu wenye ulemavu, mshindani hulala chali na miguu yote juu ya benchi, na akitaka hufungwa mikanda asiteleze. Anayepiga chuma mtaani hukanyaga sakafu, na sehemu ya nguvu yake hutokea miguuni. Huyu hana pa kukanyaga. Anategemea kifua, mabega na mikono. Mwamuzi akitoa amri, anashusha chuma hadi kifuani, kinatulia tuli, kisha anakisukuma juu kwa mikono yote miwili sawia. Kikidunda kifuani, au mkono mmoja ukitangulia, au kikirudishwa kabla ya amri, taa ni nyekundu, yaani jaribio halihesabiwi. Waamuzi ni watatu, na taa nyeupe mbili zinatosha. Majaribio nayo ni matatu tu.

Lucy Ejike wa Nigeria ameishi na sheria hizo kwa zaidi ya miaka 20. Wanawake waliingizwa katika mchezo huu kwenye Paralimpiki ya Sydney mwaka 2000, naye alikuwepo, akarudi nyumbani na medali ya fedha. Athens 2004, dhahabu. Beijing 2008, dhahabu tena, katika kundi la wenye uzito wa mwili wa hadi kilo 48.

Kisha akapanda kundi la uzito. Watu hudhani kupanda ni kujirahisishia, maana mwili mkubwa unabeba zaidi. Kweli, ila na wapinzani unaowakuta huko ni wazito vilevile. London 2012, katika kilo 56, alimkuta Fatma Omar wa Misri, ambaye hakuwa amekosa dhahabu tangu Sydney. Omar alisukuma kilo 142. Ejike aliishia 135. Kwa mchezo ambao chuma huongezwa hata kilo moja moja, kilo saba ni pengo la kumnyima mtu usingizi.

Walikutana tena Rio 2016, safari hii katika kilo 61. Ejike akasukuma kilo 142, namba ileile iliyomwangusha London, na katika uzito huo ikawa rekodi ya dunia. Omar akapata medali ya fedha. Binafsi sijui miaka minne iliyotumika vizuri kuliko hiyo. Tokyo, michezo iliyofanyika 2021, Ejike alipata shaba akiwa amevuka miaka 40. Paralimpiki sita, medali sita.

Huku kwetu, Hellen Wawira Kariuki wa Kenya, ambaye uzito wake ni wa kilo 41, alishiriki Tokyo, na mwaka 2022 akapata shaba kwenye Michezo ya Jumuiya ya Madola mjini Birmingham. Katika michezo ile wanawake wa uzito mwepesi huchanganywa pamoja, kisha alama hukokotolewa kwa kulinganisha kilo alizonyanyua mtu na uzito wa mwili wake. Ndiyo maana mwanamke mdogo anaweza kumpita aliyenyanyua kilo nyingi kuliko yeye.

Mwalimu mwenye msichana aliyepata polio, aliyekatwa mguu, aliyeumia uti wa mgongo au mwenye kimo kifupi asisubiri vifaa vya kuagiza. Aanze na tathmini ya ulemavu, kwa sababu si kila ulemavu unakubalika mashindanoni. Aliyekatwa mguu huongezewa kilo kidogo kwenye uzito wake wakati wa kupimwa, ili asipate upendeleo wa kuingia katika uzito wa chini.

Kisha aende kwa fundi seremala. Benchi la mashindano lina urefu wa mita 2.1 na upana wa sentimita 61, na upande wa kichwa linakuwa jembamba ili mabega yapate nafasi. Benchi la kawaida la jimu ni fupi, miguu inaning'inia, na anayelizoea hilo akifika uwanjani atahisi kama amewekewa mwili wa mtu mwingine. Mbao ziwe nene, na miguu ya benchi ijaribiwe kwa kilo nyingi kuliko atakazobeba msichana mwenyewe.