Kimeta, ndui na silaha za kibiolojia: maswali na majibu

Silaha ya kibiolojia ni nini hasa?

Ni kijidudu cha ugonjwa, au sumu itokanayo na kiumbe hai, kinapotumiwa kwa makusudi kudhuru watu, mifugo au mazao. Sarini, gesi ya sumu iliyoua watu kwenye treni za Tokyo mwaka 1995 haimo humu, kwa kuwa ile ni kemikali. Tunasema ugaidi wa kibiolojia pale anayefanya hivyo ni mtu au kikundi kinachotaka kutia watu hofu, si jeshi la nchi.

Mambo haya yalianza lini?

Wengi hutaja mji wa Caffa, kwenye Bahari Nyeusi, ambako mwaka 1346 jeshi la Wamongolia linasemekana kurusha maiti za wagonjwa wa tauni juu ya kuta. Mimi kisa hicho nakipokea kwa tahadhari: panya na viroboto waliweza kuingiza tauni mjini bila msaada wa mtu. Tukio la 1763 lina ushahidi wa maandishi. Waingereza wa ngome ya Fort Pitt, Amerika Kaskazini, waliwapa wajumbe wa Wadelaware, kabila la wenyeji wa huko, mablanketi yaliyotoka hospitali ya wagonjwa wa ndui, ugonjwa wa virusi unaotoa malengelenge mwilini.

Baya zaidi lilitokea China. Kikosi 731 cha jeshi la Japani, karibu na Harbin, kiliwaambukiza wafungwa magonjwa makusudi ili kuona watakavyokufa, na mwaka 1940 ndege zilidondosha viroboto wenye tauni katika mji wa Ningbo. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia Marekani iliwakinga wakuu wa kikosi hicho wasishitakiwe, ili ipate matokeo ya majaribio yao. Doa hilo halijafutika.

Kwa nini kimeta hutajwa kila mara?

Kimeta ni ugonjwa wa mifugo unaoambukiza na watu. Hutajwa kwa sababu bakteria wake hujifunika gamba gumu na kulala udongoni miaka mingi wakiwa hai. Mwaka 1942 Waingereza walijaribu mabomu ya kimeta kwa kondoo katika kisiwa cha Gruinard, Scotland. Kisiwa kilifungwa, kikaja kusafishwa kwa dawa miaka ya 1980, na hakikutangazwa salama hadi 1990.

Je, kuna ajali iliyowahi kutokea?

Ipo, na inafundisha kuliko vita vyenyewe. Aprili 1979, mjini Sverdlovsk katika Umoja wa Kisovieti, watu walianza kufa kwa kimeta, wakiwa na homa kali na kushindwa kupumua. Walikufa wasiopungua 60. Serikali ilisema wamekula nyama mbaya ya magendo. Maelezo hayo yaliingia akilini, maana kimeta cha kula nyama ya kibudu kipo kweli.

Mwaka 1992 Rais Boris Yeltsin alikiri kwamba chanzo kilikuwa jeshi. Watafiti wakiongozwa na Mmarekani Matthew Meselson walikwenda, wakauliza familia kila marehemu alikuwa wapi mchana siku za mwanzo wa Aprili, wakaweka alama kwenye ramani. Alama zikajipanga katika ukanda mwembamba, kuanzia kambi ya jeshi kuelekea kusini-mashariki, upande uleule upepo ulikovuma. Mbele zaidi kwenye mstari huo kuna vijiji ambako kondoo na ng'ombe walikufa. Nyama haifuati upepo; vijidudu vilivyotoroka kambini ndivyo huufuata.

Si kuna mkataba unaokataza?

Upo. Itifaki ya Geneva ya 1925 ilikataza kuzitumia tu. Mkataba wa 1972, ulioanza kazi 1975, unakataza hata kuziunda na kuzihifadhi. Udhaifu wake ni kwamba hauna wakaguzi, na Wasovieti waliusaini huku wakiendelea kutengeneza.

Barua za Marekani za mwaka 2001 zilikuwaje?

Bahasha zenye unga wa kimeta zilitumwa kwa vyombo vya habari na maseneta. Watu 22 waliugua, watano wakafa, wakiwemo wafanyakazi wa posta. Wapelelezi walimtaja mwanasayansi wa maabara ya jeshi la Marekani lenyewe, lakini alijiua mwaka 2008 kabla ya kushitakiwa. Mgonjwa wa kwanza kugunduliwa, huko Florida, aligunduliwa kwa sababu daktari aliona bakteria kwenye majimaji ya uti wa mgongo akashuku kimeta.

Afrika Mashariki inahusikaje?

Oktoba 2001 Kenya nayo ilitangaza barua ya kimeta, ila vipimo vya baadaye havikuthibitisha. Kimeta cha kwetu hakiji kwa bahasha. Kiko malishoni, na mwaka 2004 kiliua viboko wengi katika Hifadhi ya Queen Elizabeth, Uganda.

Dalili zake ni zipi, na kinatibika?

Cha ngozi huanza kama kipele kinachowasha, kisha kidonda kisichouma chenye gamba jeusi. Cha kula huleta maumivu ya tumbo, kutapika na kuharisha damu. Cha mapafu hufanana na mafua kwanza, kisha pumzi hubana ghafla. Antibiotiki hutibu zikianza mapema, kwa hiyo mwambie daktari kama umegusa au kula mnyama aliyekufa. Kwa kawaida mgonjwa haambukizi mwenzake.

Na ndui je?

Mtu wa mwisho kuipata kwa njia ya kawaida alikuwa mpishi wa hospitali mjini Merca, Somalia, mwaka 1977. Virusi vimebaki rasmi katika maabara mbili, Atlanta nchini Marekani na Koltsovo nchini Urusi. Chanjo kwa umma ilisimamishwa, hivyo vijana wa leo hawana kinga. Hofu ya wataalamu inatoka hapo.

UVIKO-19 ilikuwa silaha?

Mashirika ya ujasusi ya Marekani yalihitimisha mwaka 2021 kwamba virusi hivyo havikuundwa kama silaha. Mjadala uliobaki ni kama vilitoka kwa wanyama au kwa ajali ya maabara.

Nifanye nini nikikuta unga kwenye bahasha, au ng'ombe amekufa ghafla?

Bahasha usiitikise wala kuinusa. Iweke chini, toka chumbani, funga mlango, nawa kwa sabuni na maji, piga simu polisi. Ng'ombe aliyekufa ghafla, hasa akitoka damu isiyoganda puani au nyuma, usimchune, usimpasue, usigawe nyama hata kama hasara inauma. Zuia mbwa wasimfikie na umwite afisa mifugo. Yeye ndiye atakayesimamia mzoga kuchomwa au kufukiwa kwa kina, na waliobaki kuchanjwa.